Sare Niliyoshuka Nayo Kigoma

Habari ya kifo cha Madamu Spesioza ilinikuta Kalinzi, katikati ya mibuni, nimeshika mkanda wa kupimia, napima mpaka wa shamba ambalo ndugu wawili walikuwa wakiligombea. Ilikuja kwa ujumbe wa simu kutoka kwa mpwa wake aliyeko Bujumbura: shangazi yake ametutoka, ameugua siku chache tu, na namba yangu ameikuta kwenye daftari la marehemu. Nikausoma, nikarudisha simu mfukoni, nikaendelea kupima. Nikaandika namba, nikaikata. Nikapima tena, nikapata namba nyingine kabisa. Mdogo wa wale ndugu wawili, mtu mzima mwenye mvi kunizidi, alinitazama nikizunguka jiwe lilelile la mpaka. Mwisho akasema, "Mama mpimaji, leo una nini? Mpaka wetu umeuhamisha mara tatu." Nikamwambia nimefiwa. "Pole sana. Umefiwa na nani?" Hapo nikakwama. Hakuwa ndugu, na rafiki siwezi kumwita, maana mara ya mwisho tulipoonana nilimdanganya waziwazi. Nikajibu kwamba ni mwalimu wangu, nikafunga vifaa, nikatafuta pikipiki ya kunishusha mjini. Tangu siku hiyo sikai. Nikikaa nyumbani naona heri nitoke, nikitoka naona heri nirudi.

Wazazi wangu na kijiji nilikozaliwa nitawaacha kando. Ninachotaka kukisimulia ni mwaka mmoja, ule niliomaliza kidato cha nne, nikaja Katubuka, Kigoma mjini, kwa shangazi yangu Tereza kusubiri matokeo. Aliyewahi kusubiri matokeo anajua hali ile. Wewe si mwanafunzi tena, wala hujawa mtu mwingine. Asubuhi nilifagia uwanja uliokwisha kufagiliwa. Mchana tulikula ugali wa muhogo na dagaa, jioni ugali uleule na samaki mgebuka, kama shangazi alipita ufukweni. Nikisikia treni inapiga honi, moyo wangu unakwenda nayo. Nikisikia meli inaita bandarini, moyo huohuo unageukia ziwani. Shangazi alikuwa akimwambia jirani yetu, Mama Zaituni, kupitia juu ya ukuta: "Huyu mtoto ana siafu miguuni. Hata akila anakula amesimama." Nilisikia kila neno, nami niliwasikia wakicheka, nikazidi kusimama.

Nadhani shangazi alinituma mtaa wa Gungu ili apumzike kuniona. Alinipa kitambaa cha gauni, akanielekeza kwa fundi wa kike, Madamu Spesioza, mkimbizi kutoka Burundi, aliyeshonea katika chumba cha mbele cha nyumba ya dada yake. Dada huyo alikuwa mgonjwa wa muda mrefu, na kibali cha Madamu cha kutoka kambi ya wakimbizi kilimruhusu kukaa mjini kumuuguza, si zaidi. Nilipiga hodi, nikakuta mlango uko wazi. Kilikuwa chumba chembamba, dirisha moja, cherehani karibu na mwanga, vipande vya vitambaa sakafuni, na kutoka chumba cha ndani harufu ya maharage yanayopikwa kwa mawese. Fundi mwenyewe hakuwa kwenye cherehani. Alikuwa amekaa juu ya kigoda mbele ya ubao wa miraba myeusi na myeupe, daftari limefunguliwa pajani, anahamisha vinyago vya mbao kimoja kimoja. Alikuwa na umri wa miaka thelathini na kitu, mwembamba, miwani imefungwa kwa uzi upande mmoja. Nilijua drafti, nilikuwa nimeona bao, lakini kile sikukijua.

"Shikamoo. Unacheza na nani?" nikamuuliza.

"Marahaba. Na mtu aliyekufa kabla mimi sijazaliwa," akasema bila kuinua macho. "Tena ananipiga. Karibu, weka kitambaa hapo. Hii ni sataranji."

Gauni lilichukua wiki mbili. Mimi nilibaki pale muda wote wa kusubiri. Nilikwenda kila siku baada ya kufagia, nikirudi kwa chakula cha jioni. Alinifundisha jinsi kila kete inavyotembea, kisha akanipiga. Alinionyesha nilipokosea, kisha akanipiga tena. Hakuwa mtu mpole. Alikuwa na kawaida ya kugonga meza kwa kidole cha shahada nikichelewa, na nikiwahi kucheza aligonga vilevile. "Mkono wako una haraka kuliko kichwa," alikuwa akisema. "Sha," aliniita kama wanavyoitana kwao, "nani anakufukuza?" Lakini mwenyewe alifukuzwa vibaya kuliko mimi. Angeshona mshono mmoja, ainuke, aende kwenye ubao, arudi, aende kwa dada yake kumgeuza upande wa pili, arudi, akute sindano imetoka uzi. Sijawahi kuona watu wawili wasiotulia wakijifunza mchezo unaotaka utulivu namna ile.

Lile daftari ndilo lililonishika. Katika ujana wake Bujumbura alikuwa amenakili kwa mkono michezo ya mabingwa wakuu wa dunia, hatua kwa hatua, kalamu ya bluu kwa weupe na nyekundu kwa weusi. Ubingwa mkuu, alinieleza, huupati kwa kumshinda mtu mmoja siku moja. Unatakiwa ufikie kiwango chake katika mashindano zaidi ya moja, mbele ya watu walio nao tayari, na ukishaupata ni wako hadi kaburini, hata ukizeeka ukawa unafungwa na watoto. Majina yao yalinishinda kutamka, basi akawabatiza upya. Kulikuwa na Fundi Saa, aliyepata cheo akiwa mdogo kuliko mimi na ambaye hatua zake zilikaa kama meno ya gurudumu. Kulikuwa na Mvuvi, aliyekikosa cheo mara nyingi kwa nusu pointi, akarudi nyumbani kila mara, akaoa, akalea, akakipata nywele zikiwa nyeupe. Na kulikuwa na Mchoma Mkaa, aliyezitoa kete zake sadaka kama anayelisha moto, akafika juu kabisa, kisha akashuka, na uzeeni akawa anacheza na wapita njia kwenye migahawa kwa sababu hakuweza kuacha. Madamu aliwasimulia kama majirani. Angekata uzi kwa meno na kusema, "Mvuvi naye alikuwa na mke mkali," na mimi ningeamini kwamba mke huyo anakaa nyumba ya tatu.

Habari yake mwenyewe aliisimulia mara moja tu, tukimenya mihogo. Alikuwa bingwa wa wanawake wa mji wake. Alichaguliwa aende ng'ambo na timu ya nchi, ambako angekaa meza moja na mabingwa wakuu kwa mara ya kwanza. Alikuwa ameshona gauni la safari. Kisha vita. Alivuka na daftari na ubao, kete akazifunga kwenye kanga. "Nimewasoma miaka yote hii," alisema. "Lakini kusoma barua za mtu si kumuona. Sijui wananukaje wakifikiri. Sijui mtu anahisi nini akiwa mbele yao." Akaangusha muhogo ndani ya sufuria. Maji yakaturukia.

Ndipo ilipokuja ile habari. Aliisikia redioni: bingwa mkuu kutoka nje atafika Dar es Salaam, na katika ukumbi mmoja atacheza na watu thelathini kwa pamoja, akitembea kutoka meza hadi meza. Madamu aliandika barua kwa wahusika siku hiyohiyo. Akaeleza yeye ni nani, akaomba nafasi. Majibu yalikuja baada ya wiki kadhaa: karibu, meza yako ipo. Nilimkuta amesimama katikati ya chumba ameishika karatasi ile kwa mikono miwili. Akaenda kuomba ruhusa ya kutoka mkoani. Alikwenda mara moja, akaambiwa arudi. Akarudi, akaambiwa asubiri. Mara ya tatu aliambiwa kibali chake ni cha kuuguza, si cha kucheza. Alirudi Gungu kwa miguu juani. Nilikuwa nimekaa na dada yake, nikimpa uji. Akavua viatu, akakaa, akaniangalia kwa muda mrefu.

"Adela, utakwenda wewe."

"Madamu, mimi bado unanifunga kwa hatua ishirini!"

"Kwa hiyo yeye akufunge kwa thelathini. Utaandika kila hatua, yako na yake. Utaniletea."

Nilisafiri peke yangu kwa treni, chakula cha shangazi kwenye kikapu, na nikafikia kwa ndugu yake Ilala. Ukumbini niliwekwa meza ya ishirini na tatu, pembeni ya mzee mmoja aliyevaa tai. Bingwa mkuu alikuwa mtu wa kawaida sana. Alikuwa na mafua. Alivaa sweta katika joto la Dar es Salaam, na kila alipofika meza yangu alijipangusa pua kwanza ndipo akacheza. Hakukaa mbele yangu zaidi ya pumzi mbili. Hatua tano za kwanza zilikwenda kama tulivyozoea Gungu. Kisha akaniachia kete yake ya ngome pembeni, hivihivi, haina mlinzi. Nikaitazama. Nilisikia kidole cha Madamu kikigonga meza, nikajua nisubiri, nifikiri, lakini mkono ulikwisha kumshika malkia, na katika sataranji ukigusa umecheza. Nikaila ngome. Yule bwana alipozunguka tena alisimama, akanitazama usoni mara ya kwanza, kama mtu anayesema pole. Farasi wake akaingia, askofu akafuata, na malkia wangu alikuwa kule pembeni ananenepa bila kazi wakati mfalme akikamatwa. Hatua kumi na nne. Akanipa mkono. Nikainuka, na nilipoinuka niligundua kwamba wote ishirini na tisa waliobaki bado wamekaa. Nilikuwa wa kwanza kutoka. Mzee wa tai alinisogezea kiti nipite, na huruma yake iliniumiza kuliko mkono wa bingwa.

Safari ya kurudi ilikuwa siku mbili na zaidi. Mpaka Dodoma nilikuwa nalia tu kichwa dirishani. Baada ya Dodoma nilianza kufikiri. Ningeshukaje Kigoma, mbele ya mtu aliyenipa kiti chake, na karatasi yenye hatua kumi na nne? Nikaanza kutunga mchezo. Sikuwa na ubao, niliufanya kichwani, weupe na weusi, nikirudi nyuma kila nilipokosea, nikiandika kwa penseli kwenye karatasi safi. Watu walipanda na kushuka, mama mmoja alinipa embe, sikumbuki kama nilishukuru. Tabora nilikuwa hatua ya kumi na tano. Tulipovuka mto Malagarasi nilikuwa nimefika ya thelathini na nane, na wachezaji wangu wawili walipeana mikono bila mshindi. Nikaitoa ile karatasi ya kweli, nikaikunja ndogo kama punje, nikaitupa mtoni.

Shangazi na Mama Zaituni walikuwa kituoni. "Ehe, mwanangu, imekuwaje?" shangazi akauliza kabla sijashusha kikapu. Nikasema neno moja: "Sare."

"Sare ya shule gani?" Mama Zaituni akauliza. "Umeshachaguliwa?"

Nikaeleza kwamba sare maana yake hakunishinda na sikumshinda. Shangazi alitazama huku na huku kama anayetafuta mashahidi, kisha akapiga vigelegele mle kituoni hadi wapagazi wakageuka. Mtoto wa Katubuka ametoka sare na bingwa mkuu wa dunia! Jioni nyumba ilijaa. Walipika wali, wakachinja jogoo. Kwa wiki nzima nilipopita barabarani waliniita Sare, na kila nilipoitwa niliitikia.

Kwa Madamu nilichelewa siku tatu, na mwenyewe hakunijia. Nilipokwenda hatimaye alikuwa amekwisha kuweka kete tayari. Hakuuliza matokeo, alikuwa ameyasikia mtaa mzima. Alinyoosha mkono nimpe karatasi. Akaanza kucheza hatua zangu, polepole. Dada yake alikohoa chumbani. Alipofika hatua ya kumi na tisa ya bingwa mkono wake ulisimama juu ya ngome. Akairudisha ngome nyuma kama nilivyoandika. Akaiangalia. Akavua miwani.

"Mchezo mzuri," akasema. "Umechezwa na nani?"

"Na mimi na yeye, Madamu."

"Hapana. Mtu wa cheo kile harudishi ngome hapa. Hapa yeye anasonga mbele. Wewe ndiye unayerudisha ngome nyuma ukiogopa, kila mara, tangu mwezi wa kwanza. Weupe ni wewe, weusi ni wewe. Nani alicheza na bingwa?"

Nikajaribu kuapa. Nilifungua kinywa, kikatoka kilio badala ya kiapo. Nikamwambia yote: ngome, mafua, kiti kilichosogezwa, mto. Aliposikia mto alisimama, akaenda mlangoni akanipa mgongo. Nilifikiri atanifukuza. "Mimi sikukutuma ushinde," alisema kwa sauti ndogo. "Nilikutuma uone, uniletee. Miaka yote hii, mchezo wa kwanza wa bingwa mkuu ambao ningeushika ukiwa wa moto, toka mkononi mwa mtu ninayemjua. Umeutupa mtoni."

"Sikumbuki hatua, Madamu."

"Unazikumbuka. Hakuna anayesahau alivyouawa. Kaa."

Nikakaa. Nikazicheza zote kumi na nne, machozi yakidondokea miraba, sikukosea hata moja. Na hapo nikaona jambo ambalo sikulitarajia. Alipoona ngome ikitolewa sadaka aliinama karibu. Farasi alipoingia alipiga paja kwa kiganja. "Yoo! Tazama! Tazama anavyokuacha ule!" Alimwita dada yake kwa Kirundi kupitia ukutani, akamweleza, na mgonjwa akacheka huko ndani, akakohoa, akacheka tena. Tukaurudia mara nne. Mara ya tano tulipata hatua ambayo ingeniokoa, askari mmoja tu kusogea mraba mmoja, na Madamu akakaa akiitazama kama mtu aliyeshiba. Tulikula maharage yakiwa baridi. Sikumbuki kumuona na furaha ile siku nyingine yoyote, na ilikuwa furaha ya kipigo changu.

Nilipoaga alinishika bega. "Sasa nenda ukamwambie shangazi yako."

Sikumwambia. Nilifika nyumbani nikakuta wageni, nikaahirisha. Kesho yake shangazi alikuwa akinisimulia kwa padri, nikaahirisha. Mwezi ukapita, ukaja wa pili. Madamu hakuninyima masomo, lakini kila siku nikiingia aliniangalia kwanza machoni, na mimi niliangalia ubao. Kisha dada yake akafariki. Tulimzika, na kibali cha kuuguza kikafa pamoja naye. Madamu akaambiwa arudi kambini. Wiki hiyohiyo matokeo yakatoka, nikachaguliwa kidato cha tano Tabora. Nilikwenda Gungu kumsaidia kufunga mizigo. Cherehani ilikwisha kuondoka, chumba kilionekana kikubwa ghafla. Akaniuliza, akiwa amepiga magoti anafunga kamba, "Umewaambia?"

"Ndiyo, Madamu."

Akakaza fundo. "Vizuri," akasema. Hakuinua uso. Alikwenda na gari la mchana, na baada ya miaka akarudi kwao. Tuliandikiana kadi za sikukuu, baadaye ujumbe wa simu, afya, mvua, watoto. Hakuniuliza tena kamwe.

Jana nimekwenda Katubuka. Shangazi Tereza sasa anapita themanini, haoni vizuri lakini maharage anayachambua mwenyewe, kwa vidole. Nilikaa mkekani nikamwambia Spesioza amefariki. Akamwombea. Kisha nikamwambia lile jingine, bila kupamba: nilifungwa, hatua kumi na nne, nilikuwa wa kwanza kutoka. Vidole vyake viliendelea na maharage kwa muda, halafu vikasimama.

"Spesioza alijua?"

"Alijua tangu wiki ya kwanza."

"Basi ndiyo maana." Akageuza uso upande wangu. "Alipokuja kuniaga alinishika mikono akasema, mama, mtoto wako ana kichwa kizuri sana, lakini usimsifu mpaka aje mwenyewe. Nikadhani Kiswahili chake cha Kirundi kimepinda. Mimi nikakusifu. Nimekusifu misibani, harusini, kanisani. Padri aliyetangulia nimemwambia, na huyu wa sasa nimemwambia." Nilikuwa nimejiandaa kwa kicheko, au kwa maneno ya kwamba ni zamani sana. "Wewe ulidanganya mara moja, Adela. Mimi umenidanganyisha miaka thelathini."

Nikainuka kama kawaida yangu ya kuinuka, sikujua nakwenda wapi. Nikakaa tena.

"Na Mama Zaituni?" akauliza. "Naye yuko hai, ndiye aliyebaki kati ya wale wa kituoni. Wajukuu wake wote wanajua habari yako. Mimi siendi kumwambia."

Akarudia maharage yake. Nikatoka nje, nikavuka uwanja hadi ukutani, nikamwita Mama Zaituni. Akaitikia kutoka jikoni, akauliza kuna nini, mbona sauti yangu iko hivyo. Nikamwambia nazunguka mlangoni, nina maneno naye, asimamishe kazi kidogo anisikilize.